Kona ya Juu, Upande wa Mtaro

Jumanne, 30 Septemba 2025

Nimerudi kutoka Mwihoko. Vumbi mpaka ndani ya mfuko wa kamera.

Nilienda kuchukua fremu ya mwisho wa mwezi tu. Ciku alisogeza viti vya saluni yake nipate nafasi kwenye ngazi. Alama zangu nyeupe bado ziko kwenye simenti, moja kwa kila mguu wa stendi. Lenzi ileile, urefu uleule. Tangu jengo la zamani lianguke narudi pale kila mwezi na kuangalia ploti moja ng'ambo ya barabara. Mwanzo kifusi. Halafu shimo. Halafu magugu na mbuzi wa watu. Halafu mabati ya kuzungushia. Sasa ni ghorofa tano za rangi ya maziwa, na wapangaji tayari wameanika nguo.

Filamu yangu ni hiyo. Ploti, na wale waliokuwa wakiishi jengo la kwanza. Nilikuwa nikiwasimamisha barabarani, ploti ikiwa bado hewa tupu, wanionyeshe nyumba zao kwa kidole. Mlango ulikuwa pale. Jiko pale. Naliaka alionyesha kuliko wote. Aliinua mkono mpaka kwa hewa ya ghorofa ya tatu akasema, pale ndipo kitanda cha Nekesa kilikuwa. Nekesa mdogo wake. Alikuwa amelala baada ya zamu ya usiku, na Naliaka ametoka kununua sukuma wiki.

Kisha bila kuulizwa akaendelea. Kwamba kabla ya siku ile wapangaji walimwendea Mzee Njau, mwenye ploti, wakamwambia nguzo ya chini imepasuka. Aliyeongea kwa niaba yao ni yeye, Naliaka. Mzee akatuma fundi apake plasta. Baada ya mazishi Mzee alisimama mbele ya watu akasema hakuna hata mmoja aliyewahi kumwambia. Wale wengine walihama wakatawanyika, kila mtu na lake. Kwa hivyo limebaki neno la Mzee na neno la Naliaka.

Leo nikiwa nalenga fremu, nikaona mwanamke anapiga deki mlangoni mwa jengo jipya. Leso kiunoni. Nikavuta karibu.

Naliaka!

Nikavuka. Nikamuuliza anafanya nini pale.

"Si unaona. Napiga deki."

Ndiye caretaker, mtunza jengo. Amepewa na chumba, mlango wa kwanza kulia ukiingia, upande wa mtaro wa maji ya mvua. Anaishi humo na Shantel, mtoto wa Nekesa. Aliniambia yote hayo akiangalia maji ya ndoo. Nikasema hongera. Neno gani hilo!


Alhamisi, 2 Oktoba

Naliaka amekuja kwangu, hapa Ruiru. Hajawahi kuja. Nikaweka chai. Alikaa kwenye ukingo wa kiti, hakuvua sweta.

"Ile picha uliyonipiga nikiongea. Nataka uitoe."

Nikamwambia filamu inaonyeshwa Thika mwezi ujao, kwa ukumbi wa Emmah, na bila yeye hakuna filamu. Nikaongea sana. Nikasema ukweli, nikasema Nekesa, nikasema Mzee amemnunua kwa chumba kimoja.

Hapo akaweka kikombe chini.

"Kavata. Wewe ukimaliza kupiga picha unaenda wapi?"

"Nyumbani."

"Basi."

Nikamwambia, lakini anti, unalala mahali Nekesa alikufa. Akasema anajua mahali analala. Shantel ameanza kulala usiku mzima bila kulia, kwa sababu hawahamihami tena kama paka na watoto wake. Akauliza kama filamu yangu itamlaza mtoto. Akanishukuru kwa chai ambayo hakunywa.


Jumamosi, 4 Oktoba

Kimeu amepita. Ndugu yangu hapiti bila sababu, na sababu niliijua kabla hajakaa. Milango yote ya chuma ya lile jengo ni yake. Grili za madirisha ni zake. Kazi kubwa ya kwanza tangu afungue karakana yake ya kuweldi.

Alizungukazunguka. Mwaitu, mama yetu, anaendeleaje huko Ngoliba, mvua imeanza ama bado. Halafu akasema Mzee anamuuliza, dada yako anatafuta nini na ploti yangu.

"Ukamwambia nini?"

"Nikamwambia ni sanaa. Picha za kumbukumbu."

"Ni kweli."

"Kavata, Mzee anajenga nyingine Murera. Ameniambia milango ni yangu. Sasa wewe fikiria."

Nimefikiria. Naliaka anakula kwa hiyo ploti, Kimeu anakula, Ciku anasuka wapangaji wake. Hata mimi. Bila ploti ile mimi ni mpiga picha wa harusi tu. Nilimwambia Kimeu nitaangalia. Akasema asante kabla sijasema nitaangalia nini.


Jumanne, 7 Oktoba

Nilirudi kwenye ngazi ya Ciku kuchukua fremu nyingine, nikiwa sijui natafuta nini. Mzee Njau akasimamisha pikapu yake mbele yangu kabisa, ikajaza lenzi.

Nilidhani ataniletea fujo. Alishuka polepole, anaumwa na goti. Kofia mkononi. Akanisalimia kama tumekutana kanisani.

"Wewe ndiye binti wa Nzioki, wa Ngoliba. Dadake Kimeu."

"Ndiyo, Mzee."

"Kijana mzuri. Kazi yake ni safi." Akaangalia kamera. "Na wewe unataka nini na hapa?"

"Watu wakumbuke."

Akasema yeye alienda kila mazishi. Mengine mbali, mpaka Bungoma. Kuna mahali alitupiwa maneno na akakaa mpaka mwisho. Na kila mwaka wanafanya ibada ya hao watu kwa kanisa lake, pale juu.

"Wewe sijawahi kukuona hapo. Mimi nakumbuka na majina. Wewe unakumbuka na nini?"

Akarudi kwa gari. Akishika mlango akasema Naliaka ni mama mzuri, amepata shida nyingi, na asiongezewe.

Sikupenda jinsi alivyosema. Lakini pia sikuweza kusema alisema vibaya. Fremu ya kwanza ikatoka na ukungu. Nikarudia.


Ijumaa, 10 Oktoba

Nimemtoa.

Nilimpigia mwaitu kwanza, nikijua atasema la kunituliza. Nikamweleza yote. Alikuwa anapukuchua mahindi, nasikia yakianguka kwa beseni. Akasema, "Hayo maneno ni ya nani?" Ya Naliaka. "Basi mwache mtu na maneno yake. Akiyataka atarudi kuyachukua." Akaniuliza kama nimekula.

Kwa hivyo nimemtoa. Mkono, uso, sauti. Filamu sasa ni fupi na kuna shimo katikati. Nilimtumia Emmah. Akanipigia baada ya muda mfupi, sauti ya furaha. Ni nzuri zaidi sasa, anasema. Imetulia. Haimlaumu mtu. Watu wataingia na kutoka wakiwa na amani.

Nilifunga simu nikaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi.


Jumatatu, 13 Oktoba

Sijui niandikeje hii.

Nilikuwa najaribu kuziba lile shimo la Naliaka. Nikafikiria nichukue fremu za jengo jipya tangu liishe, nizilaze moja juu ya nyingine, kila moja ipauke taratibu ndani ya inayofuata. Zimepigwa kutoka alama zilezile, kwa hivyo zilipaswa kulala vizuri kama shuka. Jengo lisimame tu, nguo za watu zibadilike rangi.

Ya Agosti na ya Septemba—mlingoti wa stima haukusogea. Paa la kanisa nyuma halikusogea. Ukuta wa jirani, hapana. Lakini kona ya juu ya jengo, upande wa mtaro, ilikuwa mbili. Kona, na pembeni yake kona nyingine hafifu.

Nikadhani ni stendi. Nikaleta ya juzi, ya tarehe saba. Kona ya tatu. Imeenda mbali zaidi, upande uleule.

Chini hakuna kitu. Chini mistari inalala pamoja. Kadiri unavyopanda ndivyo inavyoachana.

Nimeinuka nikatembea chumbani. Nikarudi. Bado.


Jumanne, 14 Oktoba

Nimeenda Mwihoko asubuhi. Nimepiga upya. Nimebadilisha lenzi, nikapiga tena, nikarudisha ile ya kwanza. Ciku akauliza kwani leo ni sinema. Nikasema nataka mwanga.

Matokeo ni yaleyale. Jengo linaegemea mtaro.

Kwa macho huoni kitu. Nilisimama barabarani mpaka shingo ikauma. Ni jengo tu. Redio ya mtu inaimba. Mama mmoja wa ghorofa ya nne anakung'uta zulia. Kijana mmoja wa ghorofa ya pili, anaitwa Bedan, ana mtoto mchanga amembeba kifuani na kitambaa, akanipungia mkono kwa sababu amezoea kuniona.

Nikampungia pia.

Mimi si injinia. Mimi ni mtu wa picha. Nikikosea nimemharibia Mzee jina, nimemharibia Kimeu kazi, nimemtoa Naliaka kwa nyumba. Nisipokosea, je?


Alhamisi, 16 Oktoba

Nilienda na kompyuta mkononi. Nilimkuta Naliaka anafagia korido. Nikamwambia, anti, angalia hapa dakika moja. Nikaweka picha juu ya picha. Nikamwonyesha kona.

Aliangalia kwa muda. Akaniangalia mimi.

"Nilikuambia utoe picha yangu."

"Nimeitoa. Nakuapia."

"Umeitoa, sasa umetafuta ingine."

"Anti, si hivyo—"

"Ulikuwa unataka nitoke hapa. Ulisema kwako, nikikaa kwa kiti chako. Sasa umekuja na mashine iseme kile wewe ulisema."

Ningekuwa yeye ningefikiria vivyo hivyo. Nilijaribu tu kumwambia kwamba jengo halijui kama tumegombana. Akachukua fagio. Akafagia mpaka kwa viatu vyangu, akanifagia nje kama takataka, taratibu, bila hata kuinua sauti.

Nimelia njiani. Si kidogo.


Jumapili, 19 Oktoba

Mvua ya kwanza ya maana. Mtaro wa Mwihoko lazima umejaa.

Kimeu alikuja kula. Sikutaka kuongea kuhusu ploti, na yeye hakutaka, tukaongea kuhusu ng'ombe wa mwaitu. Halafu akiwa anajinyoosha akasema amechoka, Mzee alimwita tena jana arudi kusaga milango.

"Kusaga kivipi?"

"Inakwama. Ile ya chini, upande wa mtaro. Nachukua grainda napunguza chuma kidogo ukingoni, inafunga vizuri. Wiki mbili inakwama tena."

"Ulipima vibaya?"

Hilo lilimuuma. Hajawahi kupima vibaya. Milango ilikuwa inafunga kwa kidole kimoja siku alipoiweka, akasema, Mzee mwenyewe alijaribu.

Nikaleta kompyuta. Nikamwonyesha kona tatu.

Kimeu aliacha kutafuna. Aliangalia muda mrefu kuliko Naliaka. Mtu wa chuma anajua mstari ulionyooka. Nilimwona anajua. Halafu nikamwona anaamua kutojua.

"Ni mvua," akasema. "Chuma inashika kutu, inavimba."

"Kimeu. Ilikwama kabla ya mvua."

"Ni mvua, Kavata."

Akaondoka bila kumaliza ugali.


Jumatatu, 20 Oktoba

Sikukuu ya Mashujaa. Kila mahali pamefungwa. Nimeandika barua pepe kwa wakaguzi wa majengo, nimeweka picha zote. Nimeifuta mara nyingi. Nimeituma.

Halafu nikampigia Mzee mwenyewe. Nilidhani ni haki aambiwe na mimi, asiseme tena hakuambiwa. Nilimweleza polepole. Alinisikiliza mpaka mwisho, na hilo ndilo linalonisumbua. Hakukatiza. Akauliza picha moja tu, kama naweza kumtumia. Nikamtumia hapo hapo. Ikaonyesha ameiona.

Hakujibu.


Jumatano, 22 Oktoba

Hakuna jibu. Si kwa Mzee, si kwa wakaguzi.

Ciku amenipigia. Kuna fundi amekuja kwa ploti na ndoo ya plasta.


Alhamisi, 23 Oktoba

Simu ya Naliaka, saa moja asubuhi. Sikumtambua kwa sauti.

"Mlango umekataa."

Alikuwa anataka kumpeleka Shantel shule. Akavuta, mlango haukutoka. Akavuta na miguu yake kwa ukuta. Dirisha lina grili. Akapiga kelele, Bedan akashuka kutoka juu akapiga mlango kwa bega, akapiga kwa jiwe, wakaita mwingine, mpaka ukaachia. Shantel alikuwa amesimama kitandani na begi mgongoni, akauliza kama nyumba inaanguka kama ya mamake.

"Nikamwambia hapana," Naliaka akasema. "Nikamwambia hapana, Kavata. Nikiwa ndani."

Nikamwambia nakuja. Akasema nisije bado. Amempeleka Shantel shuleni, jioni atampeleka kwa binamu yake Githurai alale huko. Anataka kwanza kuangalia milango mingine. Ako na funguo.


Ijumaa, 24 Oktoba

Naliaka amezunguka jengo lote. Amenieleza kwa simu, na mimi naandika kama alivyosema. Upande wa barabara milango iko sawa. Upande wa mtaro, chini mpaka ya tatu, inakwama. Kuna mpasuko nyuma ya tangi la maji na umepakwa plasta mbichi. Aliweka kidole, plasta ikaingia ndani.

Alimpigia Mzee. Mzee alimwambia ameleta fundi, na injinia wake atakuja wiki ijayo. Akamwambia wewe ni caretaker, kazi yako ni kutuliza watu.

"Ni maneno yaleyale," akaniambia. "Hata sauti ni ileile. Nilidhani naota."

Nikasikia funguo zikigongana mkononi mwake.

"Kavata, ile picha yangu uliitoa kabisa? Ama iko mahali?"

"Iko."

"Irudishe. Na kesho ukuje na hiyo kitu yako."

Wakaguzi pia wamejibu leo. Afisa atafika kesho. Hawakusema saa ngapi.


Jumamosi, 25 Oktoba

Naandika hapa kwenye ngazi ya Ciku, mgongo kwa mlango wa saluni. Kamera iko kwenye alama zake, inaenda. Naandika ili mikono ipate kazi.

Naliaka alianza kubisha mapema. Alianzia juu. Nilimsikia kutoka hapa, ghorofa kwa ghorofa. Hakupiga kelele ya moto, hakutisha watu. Alisema, "Tokeni, beba mtoto na kitambulisho, tutaongea huko nje." Wengine walimtukana. Mama wa ghorofa ya nne alimwambia amelewa. Lakini Bedan alitoka wa kwanza, kwa sababu alishaona ule mlango, na alipotoka na mtoto kifuani wengine wakaanza kufuata. Magodoro, mitungi ya gesi, televisheni imefungwa kwa blanketi. Mpaka barabara ikajaa.

Nilionyesha watu picha kwa kompyuta yangu. Kona, kona, kona. Wengine walishika mdomo. Mwingine akauliza kwa nini sikusema wiki iliyopita. Nikamwambia nilisema. Akauliza kwa nani.

Mzee alifika. Peke yake, goti likimuuma. Hakuwa na hasira, au aliificha vizuri. Alisimama katikati ya magodoro akaongea na watu kama baba.

"Watu wangu. Nani amewaambia hii nyumba inaanguka? Ni injinia? Huyu ni msichana wa picha."

Watu wakaniangalia.

"Mimi nimezika watu hapa," akasema. "Mnafikiri naweza kutaka tena? Mlango umekwama. Mlango! Nitaleta fundi sasa hivi aurekebishe mbele yenu."

Naliaka alikuwa ameketi kwa kizingiti, mlango mkubwa wa kuingia. Alisema bila kusimama:

"Mzee, mara ya kwanza nilikuambia nguzo. Ukumbuke. Nilikuwa nimevaa hii sweta."

Ni mara ya kwanza nimesikia akimwambia hayo usoni. Mzee alifungua mdomo. Akaangalia kamera. Akaniambia nizime.

"Usizime," Naliaka akasema.

Sikuzima.

Halafu mvua. Hiyo ndiyo shida sasa. Ilianza kama mchezo, sasa inanyesha kabisa. Ciku amejaza saluni yake na watoto mpaka hakuna mahali pa kuweka mguu, wengine wako chini ya mabati ya duka. Magodoro yanalowa. Afisa nimempigia, anasema yuko njiani, Thika Road imefungana. Mzee haongei tena kwa nguvu. Anasema tu, kila baada ya muda, watoto watashikwa na baridi. Ni kweli. Watoto watashikwa na baridi. Huyu mtu akisema kitu cha kweli ndipo ninaogopa zaidi.

Mama wa ghorofa ya nne ndiye aliyeanza. Akainua godoro, akasema bora kufia ndani kukavu. Watu wakacheka kidogo. Wengine wakainua pia.

Bedan naye. Mtoto wake analia ile sauti ya njaa, maziwa yako ndani. Alivuka na kitambaa kimelowa. Akafika mlangoni.

Naliaka alinyoosha miguu yake yote miwili, kutoka ukingo mmoja wa mlango mpaka mwingine.

Bedan akasimama. Ako na umri wa kuwa mtoto wake. Sijui mtu aliyelelewa nyumbani anayeweza kuruka miguu ya mwanamke mkubwa hivyo, mbele ya watu. Bedan akasema, "Mathe, tafadhali, ni maziwa tu." Naliaka akamwambia kitu kwa sauti ya chini. Bedan akarudi nyuma. Yule wa godoro akasimama nyuma yake, na mwingine, na mwingine. Foleni ya watu na magodoro kwenye mvua, na hakuna anayepita.

Sasa hivi Kimeu amefika.

Mzee alimwita. Ameshuka kwa bodaboda, grainda begani, waya unaburuta matopeni. Hakujua niko hapa, ama alijua. Mzee amemwonyesha mlango wa chumba cha Naliaka, kule ndani, ule wa kwanza kulia. Nimesikia: saga hiyo, waone ni chuma tu, watu warudi wapumzike.

Foleni imempisha. Kimeu amefika kwa miguu ya Naliaka.

Amesimama hapo. Hamwangalii yeye. Hamwangalii Mzee. Anaangalia juu, kichwa nyuma kabisa, mvua ikimwingia machoni. Upande wa mtaro.

Mzee anasema, "Kijana."

Kimeu anachutama. Kutoka hapa sioni vizuri, lenzi ina maji. Sijui kama anaweka mashine chini au anachukua ule waya auchomeke. Naliaka hajakunja miguu. Pale kizingitini pana nafasi ya mtu mmoja kukaa kando yake.

Kamera ibaki. Namwachia Ciku daftari. Navuka.